Mechi 50 alishinda chuoni, NFL hawakumchagua: Kellen Moore na njia ya kwotabeki kuwa kocha

Mwezi wa pili mwaka 2025, usiku wa kuamkia Jumatatu, watu kibao huku kwetu walikesha kuangalia Super Bowl, ile fainali ya NFL, ligi kuu ya mpira wa Kimarekani, mechi ilianza saa nane na nusu usiku, na tuseme ukweli wengi walikuwa wanamsubiri Kendrick Lamar, yule rapa aliyetumbuiza mapumziko, wala sio mpira wenyewe. Philadelphia Eagles wakawafunga Kansas City Chiefs 40-22. Siku mbili baadae ikatoka habari kwamba Kellen Moore, yule jamaa aliyekuwa anasimamia ushambuliaji wa Eagles, amepewa timu ya New Orleans Saints awe kocha mkuu akiwa na miaka 36, na hapo ndo mabishano yakaanza. Mmoja anasema huyu si yule mchezaji aliyefeli? Mwingine anajibu wewe hujui kitu, huyu ndo kwotabeki aliyeshinda mechi nyingi kuliko wote kwenye mpira wa vyuo. Sasa watu wanabaki wamechanganyikiwa, maana vyote viwili vinaonekana kama ni kweli, na mtu anajiuliza inakuwaje mtu mmoja awe bingwa wa kushinda alafu hapohapo awe amefeli, na aliyefeli anapewaje timu.

Mi naupenda huu mchezo na hii stori ya Moore naipenda zaidi, kwa hiyo nataka niieleze taratibu tangu mwanzo, ukishaelewa ya huyu mmoja utaelewa pia kwa nini makocha wengi wa Marekani walikuwa makwotabeki.

Tuanze na kwotabeki mwenyewe. Kwenye mpira wa Kimarekani timu yenye mpira inapewa majaribio manne kusogea mbele yadi 10, ambayo ni kama mita 9 hivi. Wakifanikiwa wanapewa manne mengine, wakishindwa mpira unaenda kwa wapinzani. Kila jaribio linaanza watu wote wamesimama, 11 kwa 11, na karibu kila mara mpira unapita kwanza kwa mtu mmoja, huyo ndo kwotabeki. Yeye ndo anaamua arushe, ampe mwenzake akimbie nao, au akimbie mwenyewe. Na anaamua wakati majitu ya kilo 130 yanakuja kumvunja mbavu, ana sekunde mbili tatu tu.

Watu wengi wanadhani kazi ya kwotabeki ni kurusha. Kurusha ni nusu ya kazi. Nusu nyingine inafanyika mpira haujaguswa bado. Kama umewahi kukaa pembeni ya wazee wanacheza bao utanielewa, yule fundi hashiki kete akaanza kufikiria, anahesabu kwanza kwa macho, hii nikiitoa hapa inaishia kule, kule nakula, nikila narudi huku, alafu ndo mkono unaenda. Kwotabeki mzuri anafanya hivohivo, anaangalia mabeki wamesimamaje, nani kasogea, nani anajifanya anakuja ila atarudi nyuma, na kichwani ameshajua nafasi itatokea wapi kabla mwenzake hajaanza kukimbia. Kwa hiyo ndani ya kwotabeki kuna vitu viwili tofauti, kuna mwili na kuna hesabu, na hii stori yote inategemea kuvitenganisha hivyo viwili.

Moore katoka Prosser, mji mdogo kwenye jimbo la Washington, na baba yake Tom Moore alikuwa kocha wa timu ya shule ya sekondari palepale Prosser. Mtoto kakulia kwenye mipango ya mpira kama vile mtoto wa fundi seremala anavyokulia kwenye maranda. Anatumia mkono wa kushoto, sio mrefu, sio mnene, mbio hana. Vyuo vikubwa havikumgombania kivile. Akaenda Boise State, chuo cha jimbo la Idaho, wale wenye uwanja wa nyasi za bandia rangi ya bluu, bluu kabisa, tangu mwaka 1986.

Hapa kuna neno linachanganya sana watu, shati jekundu. Utasikia mchezaji wa chuo "kavaa shati jekundu" mwaka wa kwanza. Sio kadi nyekundu na sio adhabu. Maana yake anafanya mazoezi na timu, anasoma, ila hachezi mechi, ili mwaka huo usimmalizie idadi ya misimu yake, coz mwanafunzi alikuwa anaruhusiwa kucheza misimu minne ndani ya miaka mitano. Moore alikaa hivo mwaka 2007, akaanza kucheza 2008, akamaliza 2011. Misimu minne kamili na yote alikuwa ndo kwotabeki namba moja.

Hesabu yake ya chuo ni hii. Mechi 53, kashinda 50, kapoteza 3. Pasi za kufunga 142, na alizonyang'anywa na wapinzani 28 tu, yaani kama moja kwa kila mechi mbili. Yadi alizorusha 14,667, ukizigeuza ni kilomita 13 na ushee. Hamna kwotabeki wa daraja la juu la vyuo aliyekuwa amewahi kufikisha ushindi 50 kabla yake.

Na hizo tatu alizopoteza ndo zinauma. Ya kwanza 2008 dhidi ya TCU, chuo cha Texas, 17-16. Ya pili 2010 dhidi ya Nevada, 34-31 kwenye muda wa nyongeza. Ya tatu 2011, TCU haohao tena, 36-35. Jumlisha tofauti zote, pointi 5. Miaka minne mtu kapungukiwa pointi 5 tu asipoteze mechi hata moja.

Ile ya Nevada ngoja niieleze vizuri maana bila hiyo humjui Moore. Mjini Reno, nyumbani kwa Nevada, mwezi wa kumi na moja 2010, Boise hawajafungwa msimu mzima, wako mbele 24-7 mpaka mapumziko. Nevada nao walikuwa na kwotabeki anaitwa Colin Kaepernick, ndio huyohuyo aliyekuja kupiga goti wakati wa wimbo wa taifa, wakarudi kidogo kidogo wakasawazisha 31-31 zikiwa zimebaki sekunde 13. Sekunde 13 mtu wa kawaida anasubiri muda wa nyongeza. Moore akarudi nyuma akautupa mpira juu zaidi ya yadi 50, Titus Young akaudaka ameanguka karibu kabisa na goli. Ikabaki kupiga mpira kwa mguu upite katikati ya nguzo, umbali yadi 26, hiyo ni kama penati ya huku, wanapiga hata wamelala. Ukapita pembeni. Muda wa nyongeza wakapata nyingine ya yadi 29, nayo pembeni. Nevada wakapiga yao ikaingia, mchezo ukaisha. Ukiangalia ile pasi, mkono wake ulikuwa unatosha, na hesabu yake ilikuwa sahihi kabisa, ila ubao unasema kapoteza.

Sasa swali linaloulizwa sana, mwaka 2009 Boise walishinda mechi zote 14, wakamaliza kwa kuwapiga TCU 17-10 kwenye Fiesta Bowl, moja ya mechi kubwa za kufunga msimu wa vyuo, kwa nini hawakuwa mabingwa wa taifa? Sisi tumezoea ligi, mwenye pointi nyingi anabeba kombe basi. Mpira wa vyuo haukuwa hivo. Timu zilikuwa zaidi ya 100, kila moja inacheza mechi kama 12 tu, haziwezi kukutana zote, kwa hiyo walikuwa wanatumia kura za watu pamoja na kompyuta kupanga nani wa kwanza na nani wa pili, alafu hao wawili tu ndo wanacheza fainali. Boise walikuwa wanatoka kwenye kundi dogo la timu ambazo wakubwa wanaziona hazina ushindani, wakipiga kura wanawashusha. Alabama akawa bingwa, Boise bila kufungwa wakapewa nafasi ya nne. Fikiria timu ya mkoani inamaliza msimu bila kupoteza alafu kamati inakaa inasema ushindi wenu haujatushawishi. Mi mpaka leo naona wale vijana walidhulumiwa. Mfumo ule ulikufa, sahivi kuna mtoano wa timu 12, lakini Moore alishapita.

Haya, twende kwenye drafti maana hapa ndo neno "kafeli" linapoanzia. NFL ina timu 32 na haina kupanda wala kushuka daraja. Wachezaji wapya wanaingia kupitia drafti, timu zinachagua kwa zamu raundi saba, ile iliyofanya vibaya msimu uliopita inaanza. Mwaka 2012 walichaguliwa watu 253. Andrew Luck akawa wa kwanza, Robert Griffin III akawa wa pili. Kellen Moore hakuwemo. Watu 253 wameitwa majina, na mwenye ushindi 50 kakaa anasubiri hadi mwisho.

Kwa nini? Watu wanasema ufupi. Sio jibu kamili, coz drafti hiyohiyo Russell Wilson alichaguliwa raundi ya tatu na ni mfupi kuliko Moore. Tofauti ni kwamba Wilson alikuwa na mkono wenye nguvu sana na miguu ya kukimbia. Moore alikuwa na kimo cha futi 6 hivi, mkono wa kawaida, miguu mizito. Na NFL uwanja ni uleule, vipimo vilevile, ila nafasi zinafunga haraka zaidi. Chuoni mwenzako anaweza akawa wazi kwa hatua mbili, ukirusha kwa ufundi inafika. NFL anakuwa wazi nusu hatua, kwa nusu sekunde, mpira usipokuwa na kasi beki anaufikia. Ni kama kijana aliyepata Division One safi alafu kwenye usaili wa jeshi wanampima kifua na kimo wanamwambia rudi nyumbani. Hakuna aliyesema hana akili. Wamepima kitu kingine. Na mi sidhani waliompima walikosea sana, ila walikosea kudhani kwamba kilichobaki hakina thamani.

Detroit Lions wakamchukua nje ya drafti. Misimu mitatu, 2012, 2013, 2014, hakucheza dakika hata moja ya mechi ya ligi. Hata moja.

Hapa mtu anasema si ndo kafeli sasa. Subiri. Unajua kazi ya kwotabeki wa akiba ni nini? Wiki nzima mazoezini yeye ndo anajifanya adui. Jumapili mnacheza na Green Bay, basi yeye Jumatano anasoma mipango ya Green Bay anaicheza dhidi ya mabeki wenu ili wazoee. Wiki ijayo ni Chicago, anasoma ya Chicago. Siku ya mechi amesimama pembeni na kofia ya baridi na kifaa cha kusikilizia masikioni, anaangalia picha za jinsi mabeki walivyosimama, mwenye namba akitoka anamwambia yule wa kulia anakudanganya, haji yule. Ukifanya hivo misimu mitatu umeshasoma mipango ya nusu ya ligi. Analipwa kusoma. Mi naiona kama ile ya mtu kukaa gereji kwa fundi mkubwa miaka mitatu, anashika spana tu na kuangalia, hamna gari lenye jina lake, ila siku akifungua gereji yake hamna injini itakayomshangaza.

2015 akahamia Dallas Cowboys, akimfuata kocha aliyemjua tangu Detroit, Scott Linehan. Kwotabeki mkubwa Tony Romo akaumia, wakajaribu wengine, mwisho mwisho wa msimu ambao ulishaharibika Moore akaingia. Mechi tatu, mbili kaanza, zote timu imefungwa. Pasi za kufunga 4, za kunyang'anywa 6. Kwenye ya mwisho dhidi ya timu ya Washington alirusha yadi 435, na bado wakafungwa 34-23. Hiyo ndo NFL yake yote uwanjani, mechi tatu.

Alafu 2016 ikaja kitu ambacho ukikiandika kwenye tamthilia watu watasema umetunga. Moore ndo alikuwa kwotabeki wa pili nyuma ya Romo. Kambini mwezi wa nane akavunjika mguu. Nafasi yake ya pili ikaenda kwa kijana mgeni aliyechaguliwa raundi ya nne, Dak Prescott. Wiki chache baadae Romo mwenyewe akaumia mgongo kwenye mechi ya maandalizi, Dak akawa namba moja, na Cowboys wakashinda mechi 13 kati ya 16. Mguu wa Moore usingevunjika, yule aliyekuwa anafata nyuma ya Romo ni Moore.

Mwanzoni mwa 2018 akaacha kucheza, na Cowboys haohao wakampa kazi ya kumfundisha kwotabeki wao. Yaani Dak. Mtu aliyechukua nafasi yako ndo mwanafunzi wako wa kwanza. Mwaka mmoja tu baadae, 2019, akapandishwa kuwa mratibu wa ushambuliaji, na msimu huo Cowboys wakaongoza NFL nzima kwa yadi. 2021 wakaongoza kwa yadi na kwa pointi.

Mratibu wa ushambuliaji naye inabidi tumwelezee maana huku kwetu hamna cheo kama hicho. Timu ya NFL ina kocha mkuu, chini yake kuna anayesimamia kushambulia, anayesimamia kuzuia, na wa mipira ya kupiga kwa mguu. Wa kushambulia anachagua mpango wa kila jaribio. Kwenye kofia ya kwotabeki kuna redio ndogo, mratibu anaongea moja kwa moja sikioni mwake, mpango fulani, angalia beki fulani. Saa ya kuanza jaribio ikibakiza sekunde 15 redio inakatwa, kuanzia hapo kwotabeki yuko peke yake.

Shika hapo kwenye zile sekunde 15. Kabla hazijafika, mratibu na kwotabeki wanafanya kazi moja, kusoma bao. Zikifika, kwotabeki anaendelea na mwili wake. Kwa hiyo Moore hakuhama kazi alipoacha kucheza. Aliendelea na ile nusu aliyokuwa anaijua kuliko karibu kila mtu, ile nusu iliyomshinda akamwachia mwenye mkono. Ndo maana naona neno kufeli halimfai.

Na hayuko peke yake. Doug Pederson alikuwa kwotabeki wa akiba nyuma ya Brett Favre kule Green Bay, akaja kuwapa Eagles Super Bowl yao ya kwanza Februari 2018. Jason Garrett, bosi wa kwanza wa Moore kwenye ukocha, alikuwa akiba wa Troy Aikman palepale Dallas. Sean Payton, aliyewapa Saints ubingwa, alikuwa kwotabeki wa chuo cha Eastern Illinois. Lakini tusiseme pia kwamba lazima uwe ulikaa benchi ndo uwe kocha, hiyo nayo ni imani nyingine isiyo sahihi. Steve Spurrier alichukua tuzo ya Heisman, ile ya mchezaji bora wa vyuo, mwaka 1966 akiwa Florida, akarudi Florida kama kocha, na 1996 akachukua ubingwa wa taifa huku kwotabeki wake Danny Wuerffel akichukua Heisman hiyohiyo. Ubora wa kucheza haukuzuii na wala haukubebi. Wanaoangalia soka letu la huku hawahitaji kuambiwa sana, Mourinho na Wenger hamna anayewakumbuka kwa mabao yao.

Uvumi mwingine nausikia sana, kwamba Moore ni mtu wa pasi tu kwa sababu alikuwa mrushaji. Angalia Eagles wa 2024. Baada ya Dallas alipita Los Angeles Chargers msimu mmoja ambao haukwenda vizuri, alafu akafika Philadelphia akamkuta Saquon Barkley. Kama angekuwa mbishi angesema mimi nataka kurusha. Badala yake Eagles ndo walikimbia na mpira mara nyingi kuliko timu yoyote NFL msimu ule na wakarusha mara chache kuliko wote, na Barkley akapita yadi 2,000. Alafu kwenye Super Bowl, Chiefs wamejipanga wote kumzuia Barkley, Jalen Hurts akapewa ruhusa ya kurusha, mapumziko 24-0. Hiyo ni bao tupu, unamwacha mwenzio alinde shimo moja unakula kwenye lingine.

Na kwa wale waliouliza kwa nini Saints walisubiri mpaka Februari wakati timu zingine zilishapata makocha, jibu ni sheria, huwezi kumsainisha kocha wa timu ambayo bado inacheza, lazima imalize. Ikamaliza Jumapili ndani ya Superdome, ambao ndo uwanja wa nyumbani wa Saints wenyewe. Jumanne akawa wao.

Sasa kocha mkuu ni kazi nyingine tena, unabeba timu nzima, majeruhi, waandishi, wenye timu, walinzi ambao hujawahi kuwafundisha, na wapo waratibu hodari walioshindwa hapo. Ila Moore hakuiacha ile redio, New Orleans anaita mipango ya ushambuliaji mwenyewe. Mratibu aliyemchukua anaitwa Doug Nussmeier, waliyezunguka naye Dallas, Los Angeles na Philadelphia. Huyo naye alikuwa kwotabeki wa chuo, Idaho, jimbo lilelile la Boise, na Saints ndo waliomchagua kwenye drafti ya 1994, akakaa misimu kadhaa palepale kama akiba.